Jani la Mkarafuu Lina Fremu 13

Filamu ya milimita 16 ina fremu 40, yaani picha moja moja 40, katika kila futi. Ikipita kwenye projekta kwa mwendo wa fremu 24 kwa sekunde, sekunde moja ya picha ni ukanda wa sentimita 18 na kidogo, haufiki shubiri kamili ya mtu mzima. Jani la mkarafuu lenye sentimita 10 likilazwa kwa urefu juu ya ukanda huo hufunika fremu 13, yaani nusu sekunde na chembe. Ukuti mmoja wa mnazi wa sentimita 60 hukaa kwenye skrini zaidi ya sekunde 3. Karafuu yenyewe, kuanzia kikonyo hadi kichwa, ni fremu 2 tu: jicho haliwahi kulisoma umbo lake, linahisi mdundo.

Hesabu hizi ni za kushikwa mwanzo kabisa, kwa sababu anayetengeneza filamu kwa majani hana kamera ya kumhesabia. Muda anaupima kwa rula. Na kazi hii inamfaa sana mtu mmoja ninayemfikiria ninapoandika: aliyezaliwa Wete au Konde, anaishi Ulaya, anatengeneza filamu za majaribio huko, na kila mwaka anapata wiki tatu za kurudi nyumbani Pemba. Hawezi kuja na mitambo. Maabara ya filamu ya sinema hapa hakuna. Alicho nacho ni begi moja, mikono miwili, na kisiwa kizima kilichojaa mimea.

Si wa kwanza kuwa katika hali hiyo. Historia ya filamu za majaribio kwa sehemu kubwa imeandikwa na watu walioishi mbali na kwao. Jonas Mekas alizaliwa kijijini Lithuania mwaka 1922, akaikimbia nchi mwaka 1944, akapita kambi ya kazi za lazima Ujerumani na kambi za wakimbizi, hadi alipofika New York mwezi wa Oktoba 1949. Wiki chache baadaye alikuwa na kamera ya Bolex, iliyonunuliwa kwa fedha za kukopa. Bolex ni kamera ya Uswisi inayokwenda kwa springi. Unaitia ufunguo kwa mkono kama saa ya ukutani, na springi iliyojaa inatoa takriban sekunde 28 kwa mwendo wa fremu 24. Haihitaji umeme wala msaidizi. Mtu aliyekuwa akifanya kazi za viwandani mchana alipiga vipande vifupi, fremu chache chache, kila alipopata nafasi, na vipande hivyo ndivyo vilivyokuja kuwa shajara zake. Wanaomsifu kwa mtindo wake mara nyingi wanasahau springi na ratiba ya kibarua. Mtindo ulizaliwa humo.

Len Lye wa New Zealand aliishi Samoa kwa muda katika miaka ya 1920, kisha akafika London mwaka 1926 kwa kufanya kazi melini. Hakuwa na fedha za kamera, basi akaiacha kamera. Mwaka 1935 alipaka rangi moja kwa moja juu ya ukanda, na kitengo cha filamu cha Posta ya Uingereza kikautumia kutangaza huduma ya vifurushi. Baadaye akiwa New York alichukua ukanda mweusi akaukwaruza kwa sindano na vyuma vyenye ncha. Filamu ya mkwaruzo haihitaji hata dawa.

Na karibu zaidi na zama zetu yupo Karel Doing, Mholanzi anayefanya kazi Uingereza, ambaye ameieneza mbinu aliyoipa jina la fitogramu: mmea wenyewe unachora picha yake juu ya filamu kwa kemia iliyomo ndani ya jani. Hii ndiyo mbinu inayostahili kuletwa Pemba kabla ya nyingine yoyote. Pemba ndiyo inayotoa sehemu kubwa ya karafuu zote za Zanzibar, na ukiacha mkarafuu kuna mkorosho, mpera, mwembe, mlangilangi, mchaichai. Majani ya kufanyia majaribio hayaishi.

Inavyofanya kazi ni hivi. Utando wa filamu ni jelatini iliyochanganywa na chumvi za fedha. Mwanga ukizipiga, chumvi hizo huwa tayari kugeuka fedha nyeusi, ila zinahitaji kitu cha kuzisukuma. Kwenye maabara kitu hicho ni dawa ya kusafishia picha. Kwenye fitogramu ni fenoli za jani. Fenoli zimo katika karibu kila mmea, kwa wingi tofauti, lakini peke yake hazina nguvu ya kutosha: zinataka mazingira ya alkali, na zinataka vitamini C ya kuzisaidia. Kwa lita moja ya maji ya uvuguvugu tia soda ya kufulia gramu 50, ikishayeyuka tia vitamini C gramu 10, kisha matone mawili matatu ya sabuni ya kuoshea vyombo ili maji yashike juu ya jani badala ya kuteleza. Majani laini kama ya mchicha au mgagani yanatosha kuloweka dakika 15. Jani la mkarafuu ni gumu na lina nta juu yake. Bila kulisaidia litaacha kivuli cha ukingo tu. Liparuze kidogo kwa upande butu wa kisu, au lipondeponde kwa mchi pasipo kulichana, kisha liloweke saa nne au tano. Ukitaka mishipa yake ionekane, tumia upande wa chini wa jani, ambako mishipa imejitokeza.

Soda ya kufulia, yaani kaboneti ya sodiamu, ndiyo itakayokusumbua. Madukani utauziwa bikaboneti ya kuokea, au magadi, na muuzaji atakwambia yote ni soda. Si kweli. Bikaboneti ni dhaifu mno kwa kazi hii. Magadi, yale yanayolainishia kunde, ni mchanganyiko wa kaboneti na bikaboneti pamoja na maji na udongo kidogo, na kila kipande kina nguvu yake. Dawa ya yote mawili ni moto. Tandaza bikaboneti kwa wembamba kwenye chombo cha chuma, itie kwenye oveni ya nyuzi 200 kwa saa moja, au ikoroge kwenye karai la chuma juu ya mkaa. Itatoa vishimo vidogo vinavyopumua, kama uji unaoanza kuchemka. Vikikoma, imekuwa kaboneti. Mizani itakuhakikishia: gramu 100 za bikaboneti zinapaswa kubaki kama gramu 63. Zikibaki 80, rudisha motoni. Magadi safi hubakisha kama gramu 70 kwa 100, na yakishayeyuka lazima uyachuje kwa kitambaa, la sivyo mchanga wake utakwaruza utando. Usitumie sufuria ya alumini hata kidogo. Kaboneti inaila, na uchafu wake wa kijivu unaingia kwenye dawa.

Vitamini C iwe unga mtupu wa asidi askobiki. Vile vidonge vya kutoa povu havifai, kwa kuwa vina asidi ya ndimu ndani inayoivunja alkali yako yote. Kama duka la dawa halina unga, vidonge vya kawaida vya miligramu 500 vinafaa: 20 kwa lita, vitwangwe kwenye kinu kikavu na maji yachujwe.

Filamu ya kutumia ni ile ya kutolea nakala, inayoona mwanga wa buluu peke yake. Ni ya bei ya chini kuliko ya kamera, na unaweza kuishika chini ya taa nyekundu. Kwa fitogramu huhitaji hata hiyo taa: unaikata na kuilaza mchana kweupe. Upande wa utando ni ule unaonata kidogo ukiugusa kwa mdomo wenye unyevu. Majani yalale upande huo.

Hapa ndipo maelekezo yaliyoandikwa Ulaya yanapokuangusha. Wenzetu kule hulaza ukanda juani na kungoja. Jua la Pemba saa sita mchana, juu ya sakafu ya saruji, litaupika. Jelatini iliyolowa alkali imevimba na ni laini, na ikipata joto inateleza kutoka kwenye plastiki kama ngozi ya maziwa yaliyochemka. Ukiona picha imekunjamana na kuacha vidirisha vitupu, hilo ndilo lililotokea. Fanya kazi saa 2 hadi saa 4 asubuhi, wakati jua lina mwanga wa kutosha na ardhi bado ina ubaridi wa usiku. Laza ukanda juu ya kigae cheupe kilichowekwa juu ya taulo lililoloa. Kioo cha dirisha juu yake kinabana majani vizuri, lakini kinafungia joto, basi kiondoe baada ya dakika tano. Jani litakuwa limeshashika. Jumla dakika 10 hadi 20. Utando unageuka waridi, zambarau, halafu kahawia, na palipoguswa na jani panakuwa peusi zaidi. Ni rangi za kupendeza mno na nyingi zitaondoka kwenye fiksa, dawa ya mwisho inayoondoa chumvi za fedha zilizobaki. Kama unazitaka, zipige picha zingali pale.

Mwani wa Paje au wa pwani za Pemba unavutia kwa namna unavyotawanya matawi yake, na fremu zake zinakuwa kama umeme wa radi. Ila usuuze kwa maji baridi yasiyo ya chumvi mara tatu kabla ya kuuloweka. Chumvi ya bahari inazuia utando usikolee, na ute wa mwani, uleule unaonunuliwa na viwanda, unaacha gundi juu ya filamu inayokamata vumbi. Tenga mafungu yako: dawa iliyolowekwa mwani isitumike tena kwa majani.

Kuna watakaotaka pia kupiga kwa kamera, na ni haki yao, kwa sababu hakuna jani litakaloonesha mikono ya wanaochambua karafuu juu ya jamvi. Roli ya futi 100 ni fremu 4,000, dakika 2 na sekunde 46. Kwa filamu ya nguvu 200 (ISO 200) kwenye mchanga mweupe wa adhuhuri, lenzi ya Bolex haitatosha kufunga: shata yake, mlango unaopitisha mwanga, kwa fremu 24 hufunguka kama sehemu ya 1 kwa 65 ya sekunde, na mchanga unarudisha mwanga mara mbili. Hata ukifika f/22, tundu dogo sana la lenzi, bado picha itaungua. Weka kichujio cha kijivu kinachopunguza mwanga mara 4, halafu f/16 hadi f/22 itakutosha. Au piga mapema. Mwanga wa saa 1 asubuhi Pemba hauhitaji kichujio chochote.

Roli hiyo unaweza kuisafisha kwa kahawa. Kahawa ya unga wa kuyeyuka ina fenoli za kutosha, na robusta inazo nyingi kuliko arabika. Africafe inayotengenezwa Bukoba iko katika nchi ya robusta, basi kitu chenyewe kipo dukani. Kahawa chungu ya birika haifai, ni nyepesi na kila birika lina uzito wake. Kwa lita moja: kaboneti kavu gramu 54, vitamini C gramu 16, kahawa gramu 40. Fuata mpangilio huohuo. Kaboneti kwanza hadi maji yawe angavu kabisa, kisha vitamini C ambayo itachemka kidogo, kahawa mwisho. Ngoja dakika 5 povu lipungue, na itumie ndani ya saa moja kwa sababu hewa inaiua. Kwa ndoo ya lita 4 unahitaji kahawa gramu 160, kaboneti 216, vitamini C 64. Kata roli vipande vitatu vya mita 10, ukitie kimoja kimoja kwenye ndoo gizani kabisa, na usiache kukigeuzageuza kwa mikono yenye glavu. Pale ukanda uliponata kwa ukanda mwenzake, dawa haikufika, na utapata mabaka yasiyosafishika. Wapo wanaoyapenda mabaka hayo. Binafsi naona yanapendeza mara ya kwanza, na mara ya kumi yanakuwa kisingizio.

Muda unaoandikwa kwa kahawa ni dakika 15 kwa nyuzi 20. Nyuzi 20 hatuna. Maji ya tangi la juu ya paa wakati wa kaskazi yanapita nyuzi 30, na kipupwe kikifika, mwezi wa Juni hadi Agosti, ndipo yanaposhuka kidogo. Ukiwa na hiari ya tarehe za likizo, njoo kipupwe. Kwa nyuzi 28 anza jaribio na dakika 8, ukate kipande cha shubiri moja, ukisafishe, ukifiksi, ukiangalie, ndipo uguse roli. Ukitaka kushusha joto, tia barafu ndani ya mfuko uliofungwa, uzamishe mfuko. Barafu yenyewe ikiyeyuka kwenye dawa inavuruga vipimo. Ila kosa kubwa zaidi si joto, ni tofauti ya joto. Dawa ikiwa nyuzi 22 na maji ya kusuuzia nyuzi 30, jelatini inavimba ghafla na kupasuka vipandevipande kama tope la bwawa lililokauka. Bora vyote viwe 27 kuliko kimoja kizuri na vingine vibaya. Jaza ndoo zote usiku, ziache chumba kimoja, asubuhi zitakuwa sawa.

Msaada mwingine uko dukani: shabu. Ni jiwe lilelile la kutuliza maji machafu na la kupaka baada ya kunyoa, na linakaza jelatini. Gramu 15 kwa lita, pamoja na siki nyeupe kidogo, kwa sababu shabu hufanya kazi kwenye asidi tu. Kwenye alkali inageuka uji mweupe. Kwa hiyo ukanda ukitoka kwenye kahawa usiupeleke huko moja kwa moja. Suuza kwa maji matupu mara mbili, kisha siki iliyozimuliwa, kipimo 1 kwa maji 4, nusu dakika, kisha shabu dakika 5, kisha fiksa. Ukiruka suuzo la maji, kaboneti iliyobaki ndani ya jelatini itakutana na siki, itoe gesi, na gesi itoboe vitundu vidogo kwenye picha. Kwenye skrini vinaonekana kama nyota, vikiwa vimejaa usoni mwa mtu uliyempenda kuliko wote kwenye roli hiyo.

Fiksa ni dawa iitwayo hypo, yaani sodiamu thayosalfeti, gramu 240 kwa lita. Angalia ukanda unavyogeuka kutoka weupe wa maziwa kuwa angavu, uhesabu muda huo, uongeze mwingine kama huo. Fiksa iliyotumika imebeba fedha, na visiwa vyetu vina sehemu za mawe ya matumbawe yanayopitisha maji moja kwa moja hadi kisimani. Usiimwage chooni wala ufukweni. Itie kwenye ndoo pamoja na waya laini wa chuma wa kusugulia masufuria, iache wiki nzima. Chuma kinaingia kwenye maji na fedha inashuka chini kama tope jeusi.

Maji ya visima vya mawe ya matumbawe yana chokaa. Kaboneti ikikutana nayo unapata unga mweupe unaoganda kwenye ukanda. Vuna mvua. Pipa moja la masika lililofunikwa vizuri linatosha msimu mzima, na hakuna maji ya dukani yanayolishinda.

Kukausha kunahitaji chumba kilichofungwa, kamba, vibanio, na chandarua kilichotundikwa kuzunguka kamba. Vumbi si tatizo pekee. Jelatini ni chakula. Mende wataila usiku kucha, na sisimizi watafuata sukari ya vidonge vya vitamini kama hukusuuza vya kutosha. Kamba yako isiguse ukuta. Ncha zake zipakwe mafuta ya taa. Filamu ambayo haijatumika iwe kwenye friji ndani ya kopo lililofungwa pamoja na silika, zile chembe za kunyonya unyevu, na ukiitoa usifungue kopo kabla ya saa mbili, la sivyo unyevu wa hewa yetu utaganda juu yake. Silika ikibadilika rangi, irudishe kwenye oveni.

Filamu ya majani usiikimbilize kwenye projekta. Vipande vya mmea vinabaki juu ya utando na vinaweza kukwama kwenye mlango wa projekta, taa ikauchoma ukanda. Iskani kwanza. Kwenye skana ya mezani ya ukubwa wa A4 yenye mwanga wa juu unaofunika urefu wote, ukanda mmoja unatoa fremu kama 39, basi roli nzima ni kuskani mara 103. Kwa kipimo cha nukta 2,400 kwa inchi kila fremu inapata urefu wa nukta kama 700. Ni kazi ya siku mbili tatu, na inafundisha: ukiangalia fremu 4,000 moja moja unajua ni jani gani limekudanganya.

Soko la kazi hizi liko, dogo lakini la kweli. Film-Makers' Cooperative ya New York, ambayo Mekas alikuwa miongoni mwa walioianzisha mwaka 1962, na Light Cone ya Paris, iliyoanza 1982, hukodisha filamu kwa niaba ya watengenezaji na kuwapa sehemu ya malipo kila inapooneshwa. Maabara za wasanii kama L'Abominable, iliyoanzishwa karibu na Paris mwaka 1996, zinagawana mashine ambazo mtu mmoja asingeweza kununua. Anayeishi huko azitumie hizo kwa kutoa nakala. Picha zenyewe azimalize Pemba, na sababu yake si mapenzi ya nyumbani peke yake. Filamu ambayo haijasafishwa inaharibiwa na miali ya mashine za uwanja wa ndege, hasa zile za mizigo ya chini na zile mpya za mizigo ya mkononi, na kuomba ikaguliwe kwa mkono ni bahati nasibu kila unapobadilisha ndege. Ikishapita kwenye fiksa, ikasuuzwa na kukauka, chumvi zile hazimo tena. Kilichobaki ni fedha na jelatini. Mkarafuu ule unaweza kupita kwenye mashine zote kuanzia Karume hadi Heathrow bila kupoteza hata fremu moja.